Nani Aliwapigia Kura? Maoni juu ya Matajiri wa Kompyuta na Manono Yetu



Ninaomba nafasi katika gazeti letu ili nijibu neno moja lililosemwa mbele yetu, neno ambalo siku ile sikuweza kulijibu.

Mnakumbuka mabishano yetu ya siku ya tano, saa ya mwisho. Swali lilikuwa hili: Je, ni vizuri matajiri wenye makompanyi ya kompyuta na telefone waingie katika mambo ya kutawala? Ndugu mmoja wa mwaka wa sita akasimama, akasema: "Mi naona ni heri bale batajiri baongoze. Leta ilitupatia nini tangu tulizaliwa? Barabara hakuna, umeme hakuna, rezo ikikatika tunakaa kama mu kaburi. Tajiri yeye anajua kazi, tena hana lazima ya kuiba, juu iko na vyake. Mgeni njoo, mwenyeji apone!" Darasa lote likapiga makofi. Hata mimi nilipiga kidogo, maana alisema vizuri.

Lakini usiku usingizi ulinikataa. Wengi wanajua kwamba mimi natoka upande wa Manono. Baba yangu mdogo ni mchimbaji wa kule, wale tunaita creuseurs, anatafuta kasiterite kwa koleo na beseni, na kwa kazi hiyo ananilipia masomo. Mwaka 2025, habari zilipofika kule kwamba mkataba umesainiwa Kinshasa juu ya madini ya Manono, alinipigia telefone akaniuliza: "We wa masomo, balisaini nini?" Nikanyamaza. Kisha unite zake zikaisha. Haya ninayoandika leo ni jibu kwa ndugu wa mwaka wa sita, na ni jibu kwa baba mdogo vilevile.

Kwanza nikubali yale yenye kuwa kweli. Ni kweli tunateseka. Shule za msingi zilitangazwa bure tangu 2019, lakini sisi wa sekondari wazazi wetu wanaendelea kulipa. Ni kweli pia kwamba matajiri hawa wametengeneza vitu vyenye kusaidia watu. Hakuna kati yetu mwenye kutupa telefone yake ziwani. Kwa hiyo sitaki kusema kwamba tajiri ni mbaya kwa sababu ni tajiri. Hilo lingekuwa wivu tu. Swali langu ni lingine: mtu huyu akikosea, nani anaweza kumwambia hapana?

MAMBO YA MAREKANI

Tuanze kule, maana kule yameonekana wazi. Elon Musk ni mkubwa wa Tesla, yenye kutengeneza motokari za umeme, na wa SpaceX, yenye roketi na satelaiti za Starlink. Mwaka 2022 alinunua Twitter kwa dola miliari 44, akaiita X. Mwaka 2024 alitoa zaidi ya dola milioni 250 kumsaidia Donald Trump na chama chake katika uchaguzi. Trump akashinda. Tarehe 20 mwezi wa kwanza 2025, siku ya kiapo, Musk, Jeff Bezos wa Amazon, Mark Zuckerberg wa Facebook na Sundar Pichai wa Google walikalishwa mbele, na wale waliotajwa kuwa mawaziri wakakaa nyuma yao. Wengi wetu tuliiona picha ile katika telefone.

Halafu Musk akapewa kazi ya kukata matumizi ya serkali. Kati ya vitu vya kwanza kukatwa ilikuwa USAID, ofisi ya misaada ya Marekani. Mwenyewe alijivunia jambo hilo mbele ya watu. Tarehe 1 mwezi wa saba 2025 ofisi ile ikaisha, na kazi zilizobaki zikahamia wizara yao ya mambo ya inje. Sasa sikieni: mwaka 2024 Marekani ilikuwa imetoa karibu 70 kwa mia ya franga zote za msaada wa dharura katika inchi yetu. Na mwanzo wa 2025 ulikuwa wakati gani kwetu? Goma ilianguka mwisho wa mwezi wa kwanza, Bukavu katikati ya mwezi wa pili, na watu wa Kivu wakashuka kwa mashua mpaka hapa Kalemie, na watoto mgongoni. Ni wakati ule ule msaada ulikatika.

Nani katika Kalemie alimpigia Musk kura? Hakuna. Lakini hata Marekani hakuna. Jina lake halikuwa kwenye karatasi ya uchaguzi. Mwisho wa mwezi wa tano 2025 aliacha kazi ile, akagombana na Trump mbele ya dunia yote, akarudi kwa makompanyi yake. Kwetu hapa, waziri akikosea, bunge linaweza kumwita ajieleze. Gavana akikosea, wabunge wa jimbo wanaweza kumwondoa. Hata kama hawafanyi kila mara, njia iko. Kwa mtu kama Musk njia hiyo iko wapi?

Kuko tena habari ya Bezos, yenye kutuhusu sisi tunaopenda gazeti. Mwaka 2013 alinunua gazeti kubwa linaloitwa Washington Post. Mwezi wa kumi 2024, siku chache mbele ya uchaguzi, waandishi walikuwa wamekwisha kutayarisha neno la kumwunga mkono mgombea mmoja, na mwenye gazeti akazuia. Alieleza kwamba alitaka wasomaji waliamini gazeti zaidi. Labda ndivyo. Lakini zaidi ya wasomaji 200,000 waliacha kulipia, maana hawakuona tena ni nani anaandika, mwandishi ao mwenye mali.

MAMBO YA KWETU

Mtu atasema: hayo ni mambo ya wazungu, yako mbali. Hapana, ndugu. Yako Manono, ndani ya jimbo letu la Tanganyika.

Chini ya udongo wa Manono kuko lithiamu, madini nyepesi ya kutengeneza batri za telefone na za motokari za umeme. Wataalamu wanaihesabu hazina ile kati ya zile kubwa za dunia. Kwa miaka mingi kompanyi ya Australia inayoitwa AVZ, kompanyi ya China inayoitwa Zijin na kompanyi ya serkali yetu, Cominière, waligombana juu yake, mpaka mbele ya waamuzi wa kimataifa huko Ulaya na Marekani. Zijin ikapata sehemu moja ikajenga mgodi. Sehemu nyingine ikabaki katika mashitaka, na watu wa Manono wakabaki wanangojea.

Ndipo ikaingia kompanyi nyingine, KoBold Metals ya California, iliyoanzishwa mwaka 2018. Hii haianzi kazi kwa koleo. Inakusanya karata za zamani, picha za satelaiti na vipimo vya mawe, kisha kompyuta zenye akili bandia zinatafuta mahali madini yanaweza kuwa. Nani walitia franga? Kati yao kuko mfuko ulioanzishwa na Bill Gates wa Microsoft, na ndani ya mfuko huo Jeff Bezos yumo. Katika mwezi wa kwanza 2025 KoBold ilikusanya dola milioni 537. Tarehe 17 mwezi wa saba 2025 ikasaini na serkali yetu mapatano ya kwanza, Kinshasa, juu ya Manono na juu ya kutafuta madini mahali pengine katika inchi. Tarehe 4 mwezi wa kumi na mbili 2025, Washington, marais wa Kongo na Rwanda walisaini mbele ya Trump mapatano ya amani, na siku ile ile Kongo na Marekani wakasaini mapatano juu ya madini.

Sisemi KoBold ni watu wabaya. Siwajui. Labda watatengeneza barabara, labda watalipa vizuri kuliko waliotangulia. Ninasema tu kwamba amani yetu, madini yetu na mali ya wenye kompyuta sasa vinatembea pamoja, na sisi tunasikia habari nyuma, kwa redio.

HAIKO MARA YA KWANZA

Waalimu wetu wa historia wametufundisha juu ya CFL, kompanyi ya reli ya Maziwa Makubwa. Iliundwa mwaka 1902 na Édouard Empain wa Ubelgiji. Mtu huyu alikuwa tajiri wa teknolojia ya wakati wake, maana umeme na reli wakati ule vilikuwa kama kompyuta leo. Ni kompanyi yake iliyoendesha treni ya chini ya ardhi ya Paris tangu 1900. Alikuwa karibu sana na mfalme Leopold II, aliyempa cheo cha baroni mwaka 1907. Pamoja na ruhusa ya kujenga reli, kompanyi ilipewa ardhi kubwa sana ya mashariki na haki juu ya madini yake. Reli ya kutoka Kabalo ikafika hapa ziwani mwaka 1915. Huko Manono, kompanyi ya Géomines, iliyoundwa 1910, ikachimba kasiterite, na umeme wa Mpiana-Mwanga katika mto Luvua ukajengwa kwa ajili ya mgodi.

Sasa ndugu yangu atasema: "Unaona? Reli ilibaki!" Ni kweli, ilibaki. Wazazi wa wengi kati yetu walikula mkate wa reli. Lakini tazameni inapopita. Ilipangwa kufuata njia ya mizigo, kutoka mtoni mpaka bandarini. Haikupangwa kufuata njia ya mgonjwa wa kijijini, wala ya mwanafunzi, wala ya mama mwenye kuuza mihogo. Na ile siku ya kukata karata, nani wa Manono aliulizwa? Nani wa Kalemie? Mfalme na tajiri walikaa wawili, na sisi tukapewa kazi ya kubeba vyuma.

Kwa hiyo mgeni alikuja, ndiyo. Je, mwenyeji alipona? Alipona kidogo, kwa kiasi ambacho mgeni alikuwa na lazima naye.

NGUVU YA KUJUA

Kuko tofauti moja kati ya tajiri wa zamani na wa leo, na mi naona ni tofauti kubwa. Empain alikuwa na chuma. Hawa wana kujua. Kompyuta yao inaweza kujua kitu chenye kuwa chini ya shamba la bibi yangu mbele ya bibi mwenyewe, mbele ya chifu, hata mbele ya wizara. Mtu anayejua akikaa kuongea bei na mtu asiyejua, tunajua mwisho wake. Hata sokoni hapa Kalemie, mchuuzi wa ndakala anayejua bei ya Lubumbashi anamshinda mvuvi asiyeijua.

Mnajua karata nyingi za udongo wetu ziko wapi? Ziko Tervuren, Ubelgiji, katika nyumba ya makumbusho ya Afrika, tangu wakati wa ukoloni. Mapatano ya KoBold yaligusa jambo hilo pia: karata zile ziingizwe katika kompyuta. Ni kazi nzuri, kama na sisi tutazisoma. Lakini nani kati yetu ataweza kuzisoma, kama tunakimbia masomo ya jiolojia na hesabu?

Vilevile Starlink. Mwezi wa tatu 2024 ARPTC, ofisi yetu ya kuangalia mambo ya telefone, iliikataza kwa sababu haikuwa na ruhusa, na wakubwa wa jeshi waliogopa kwamba waasi wangeitumia. Mwezi wa tano 2025 ofisi ile ile ikatangaza kwamba Starlink imepewa ruhusa. Mimi mwenyewe ningefurahi kuwa na rezo ya namna hiyo. Lakini kumbukeni Ukraine. Mwaka 2022, katikati ya vita, waliomba Starlink iwashwe mpaka Crimea. Musk akakataa, na mwaka 2023 alikubali mwenyewe kwamba alikataa, akisema hakutaka kuongeza vita. Labda alikuwa na haki, labda hapana. Lakini jambo la vita na amani liliamuliwa na mwenye kompanyi, peke yake. Siku moja ikiwa ni vita yetu, na rezo yetu, tutamwomba nani?

TUFANYE NINI?

Hapa ndipo ninapoachana na ndugu yangu. Yeye anasema: Leta imeshindwa, basi tumpe tajiri. Mimi nasema: kama Leta ni zaifu, tajiri ataifanya zaifu zaidi, maana atasaini na mtu ambaye hana wa kumsimamia. Makosa haiko ya wageni peke yao. Mlango unafunguliwa toka ndani.

Na sisi haiko kwamba hatuna nguvu yoyote. Nitaonyesha mambo mawili.

La kwanza ni kobalti. Kongo inatoa zaidi ya 70 kwa mia ya kobalti ya dunia, na batri nyingi zinaitaka. Mwezi wa pili 2025, bei ilipokuwa imeanguka sana, serkali yetu ilifunga kuuza inje. Makompanyi yalilia. Bei ikapanda zaidi ya mara mbili. Toka mwezi wa kumi 2025 kila kompanyi ikapewa kipimo chake cha kuuza. Basi hata wale matajiri wakubwa wanaweza kuambiwa "ngojeni", na watangojea.

La pili ni sheria. Sheria ya migodi iliyobadilishwa mwaka 2018 inasema hivi: kodi ya madini, ile wanaita redevance, inagawanywa. Asilimia 50 inakwenda Kinshasa, 25 inakwenda kwa jimbo, 15 kwa muji ao sekta ao usultani mahali mgodi uko, na 10 kwa mfuko wa wale watakaozaliwa nyuma. Mbali na hiyo, kompanyi inapashwa kutoa 0.3 kwa mia ya mauzo yake yote kwa maendeleo ya watu wanaokaa karibu na mgodi. Tena inapashwa kukaa pamoja na wakaaji na kuandika daftari la ahadi, wanaloita cahier des charges: masomo mangapi, dispansari ngapi, visima vingapi, mwaka gani.

Nilipoyasoma haya nilishangaa. Baba mdogo alizaliwa Manono na anachimba Manono, lakini hakuna mtu aliyemwambia kwamba kuko daftari la namna hiyo, na kwamba wakaaji wana haki ya kukaa mezani siku ya kuliandika. Tajiri wa California analijua. Wakili wake analijua. Mwenye shamba hajui. Basi ile mgeni mwenyeji apone, itakuwa namna gani, kama mwenyeji hajui hata haki yake ni nini?

Kwa hiyo ninaomba mambo matatu, na ninayaomba kwa heshima.

1. Kwa bwana prefe wetu: tupate nakala moja ya sheria ya migodi katika biblioteki yetu. Hata nakala ya fotokopi. Sisi wa mwaka wa sita tuko tayari kuchanga franga ya karatasi.

2. Kwa waalimu wetu wa elimu ya uraia, jiografia na Kifaransa: tusaidiwe kuyasoma pamoja yale maneno magumu, hata saa moja kwa mwezi. Kifaransa cha sheria kinatushinda.

3. Kwa sisi wanafunzi: wakati wa likizo, kila mmoja mwenye kutoka Manono, Kabalo, Nyunzu, Kongolo ao Moba aende na ukurasa mmoja tu, ulioandikwa kwa Kiswahili ao kwa lugha ya kwao, Kiluba ao Kitabwa, awasomee wazee. Asihubiri siasa. Asome tu yaliyoandikwa, halafu ajibu maulizo kama anaweza, na kama hawezi aseme "sijui, nitauliza".

Ndugu yangu wa mwaka wa sita, usikasirike. Ulisema kwa ajili ya taabu yetu, na taabu ile ni ya kweli. Mimi pia nataka umeme, nataka barabara ya Manono ipitike wakati wa mvua. Kama Gates ao Bezos ao mtu wa China anaweza kutuletea, aje, tutampa kiti. Lakini kumpa mgeni kiti haiko sawa na kumpa ufunguo wa nyumba. Na mwenye nyumba lazima awe amesoma kilicho ndani ya karatasi mbele ya kuweka kidole.

Siku ya pili yake nilimpigia baba mdogo. Nikamwambia: "Baba, sijui yote yenye kusainiwa. Lakini kuko kumi na tano kwa mia, kuko zile tatu katika elfu, na kuko daftari. Uliza daftari." Akanyamaza kidogo, halafu akasema: "Andika hiyo yote mu karatasi, utume na gari ya kwanza." Nimeandika. Karatasi ile imekwisha kuondoka.

Haya ni mawazo yangu. Mwenye kuona namna nyingine aandike naye, nafasi ya gazeti iko ya wote.

Mwanafunzi wa mwaka wa 6, Pedagojia